Niligawa Mashairi ya Baba Yakashonwa Hirizi

Kosa ni langu, simsingizii shetani. Hata yeye angeshangaa.

Marehemu baba yangu alikuwa malenga. Toka hapa Bagamoyo hadi Pangani, arusi isiyo na shairi lake haikuwa arusi. Yote aliyaandika kwa herufi za Kiarabu, akayatia sandukuni. Alipokuwa mgonjwa akaniambia, "Mwanangu, jina langu limo humu. Litunze."

"Inshallah, baba." Lakini wallahi, mimi sijui kusoma! Chuoni nilitoroka mapema. Mwalimu alikuwa na bakora, nami nina miguu. Nyumbani nilikuwa nikishika msahafu natikisa kichwa tu, baba anafurahi.

Hata arobaini haijafika, jirani yetu Bi Mwanaidi akaja. Wakati ule wa vita dawa zilikuwa haba. "Mwanangu, nipe japo karatasi moja ya marehemu nimshonee mjukuu hirizi. Ana homa."

Ningesemaje? Nikazipekua karatasi, nimekunja uso kama mwanachuoni, nikamchagulia moja. "Hii dua nzito," nikamwambia. Ujinga gani huu!

Mtoto akapona. Lo! Watu wakamiminika, wa Zinga, wa Fukayosi, huyu na kuku, yule na samaki. Nikaitwa shehe, nami nikaitika. Nikanenepa.

Ndipo shangazi yangu akaja toka Pangani kuyanakili mashairi ya kaka yake yasipotee. Akafungua sanduku, akakuta mende wawili.

"Yako wapi?"

Nikamwonyesha mjukuu wa Bi Mwanaidi anacheza uani. "Moja lile pale, shingoni."

Shangazi akaichana hirizi, akasoma kwa sauti:

*Chumvi huja kuiomba, sufuria mkononi,*
*Harufu ikimkumba, ameshafika jikoni.*

"Ni nani huyo asiye haya?" akauliza Bi Mwanaidi, kasimama mlangoni na sufuria yake. Shangazi akatazama chini.

Siku hiyohiyo mji mzima ukachana hirizi. Waliojikuta wamesemwa wakazitia moto. Wasiosemwa wamekataa katakata kurudisha, eti zinafanya kazi. Na ule utenzi wa kumsifu Mtume, alioutunga miaka na miaka? Nusu nzima nilimfungia punda wa mtu wa Vigwaza, na punda kaliwa na simba!

Shangazi hakunitukana, na heri angenitukana. Alikaa juu ya sanduku lile tupu akalia. "Ungemwambia tu hujui," akasema. "Angekufundisha mwenyewe, tena kwa furaha."

Maneno hayo yananichoma mpaka leo. Hata haya ninayoyasema ananiandikia mke wangu, na kila mstari ananicheka.

Jamani, mwenye mzazi mwenye jina, akikukabidhi kitu usichokijua, sema hujui, tena sema angali hai. Mimi nimesema leo, na wa kunifundisha hayupo.