Bujumbura Iliyokuwa Ikiitwa Bujumbura

Kwa miaka kumi na minne Saliha alipiga chapa kozi ileile ya mtu yuleyule. Mtu huyo alikuwa Profesa Melchior, mkuu wa idara ya jiografia katika taasisi moja ya elimu ya juu mjini Bujumbura, na kozi yake ilihusu nchi za Maziwa Makuu. Profesa aliiandika kwa mkono akiwa kijana, akaipenda, na tangu hapo hakuisoma tena. Kila Oktoba alimpa Saliha karatasi zilezile zilizogeuka rangi ya chai. Saliha alizipiga kwenye stensili, ile karatasi ya nta inayotobolewa na taipureta, kisha akazungusha mkono wa mashine ya roneo mpaka wanafunzi mia mbili wakapata nakala. Wanafunzi walikariri. Mwisho wa mwaka walimrudishia profesa maneno yake, naye akawapa alama kwa kadiri walivyoyarudisha bila kuyagusa. Huko ndiko kulikoitwa kufundisha.

Jambo ambalo halikuandikwa popote ni kwamba kozi ile ilijaa makosa, na Saliha ndiye aliyeyaondoa. Alikuwa mtoto wa fundi cherehani wa mtaa wa Jabe, na mwenyewe aliishia darasa la kumi, lakini kosa mbele ya macho yake lilimwasha mwili. Profesa akiuelekeza mto Rusizi kusikokuwa kwake, Saliha aliurudisha njiani. Tarehe zikigongana, alikwenda maktaba saa ya chakula, akatafuta iliyo ya kweli, akapaka stensili ile dawa nyekundu ya kufutia yenye harufu ya rangi ya kucha, akapiga upya. Hakuna aliyemshukuru kwa sababu hakuna aliyejua, au ndivyo alivyodhani.

Na hiyo ilikuwa miaka ya vita. Siku ambazo milio ya risasi ilisikika upande wa Carama, profesa hakutoka nyumbani. Saliha alitoka Jabe kwa miguu, akapita vizuizi vya askari, akafungua ofisi. Vikwazo vya biashara vilipoukausha mji na wino ukakosekana, aliuongezea mafuta ya taa, na kozi ya mwaka ule ikatoka ikinuka kama kibatari.

Mwaka 2001 zikaja kompyuta, sita, zawadi ya wafadhili. Zikawekwa katika chumba chenye mlango wa chuma, zikavishwa vitambaa alivyovidarizi mke wa mkurugenzi, na ufunguo ukalala kwenye droo ya mkurugenzi mwenyewe. Wanafunzi walizitazama kupitia dirishani. Walimu ambao hawajapata kuzigusa wakaanza kusema "katika zama hizi za informatiki" kila walipofungua kinywa, hata msibani. Mkurugenzi akatangaza kwamba mwisho wa Julai asiye na cheti cha kompyuta hatakuwa na kazi katika sekretariati. Cheti kilipatikana kwa mafunzo ya siku tatu, na mwenye kuandikisha majina alikuwa kijana Audace, mpwa wa Profesa Melchior. Saliha alikwenda mara nne kujiandikisha, na mara zote nne akaambiwa orodha imejaa. Alikuwa mjane mwenye mabinti wawili shuleni, na hakuwa na kitu kingine cha kuwalisha isipokuwa kazi ile. Aliogopa sana.

Kozi ya mjomba akapewa Audace aiingize kwenye mashine. Wanafunzi walikuwa wamelalamika kwamba dunia nzima inasema Kongo na kozi bado inasema Zaire, kwa hiyo profesa akaagiza majina yote ya zamani yawe ya kisasa. Audace akamwita Saliha aje aone maajabu. Akabonyeza mara moja, kila Zaire ikawa Kongo. Akabonyeza tena, kila Usumbura ikawa Bujumbura.

"Zote?" Saliha akauliza.

"Zote, mama. Hata moja haibaki."

Saliha akainama, akasoma. Ukurasa ulisema kwamba mwaka 1962 mji wa Bujumbura, uliokuwa ukiitwa Bujumbura, ulibadilishwa jina ukaitwa Bujumbura. Chini yake Kongo, mwaka 1971, ilichoka kuitwa Kongo ikajiita Kongo. Akasema inafaa isomwe upya kabla ya kutolewa. Audace akacheka, akamjibu kwamba kusoma upya ni tabia ya watu wa taipureta.

"Mashine haikosei, mama. Mutu njo anakosea."

Siku ya uzinduzi, mwezi wa Juni, kurasa zilimulikwa ukutani na wafadhili wakakaa mstari wa mbele. Profesa Melchior akasoma kwa sauti nzito, kama alivyosoma miaka yote, bila kusikia anachosoma. Bujumbura, iliyokuwa ikiitwa Bujumbura. Wanafunzi mia mbili wakainamisha vichwa, wakanakili. Wafadhili wakapiga makofi. Kwenye mtihani, msichana mmoja aitwaye Orlane akaandika Usumbura, kwa kuwa bibi yake hakuuita mji ule jina lingine maisha yake yote. Akapata sifuri, na pembeni, kwa wino mwekundu, profesa akamwandikia kwamba hilo halimo kwenye kozi.

Ikabaki barua ya Saliha. Mkurugenzi alimwagiza Audace achukue hati ya kazi ya sekretari, ile inayotaja majukumu yake moja baada ya jingine, na kila penye jina la Saliha aweke lake yeye Audace, atakayeishika kazi hiyo. Mwishoni aongeze sentensi moja ya kumwachisha Saliha kazi. Audace akaanza na ile sentensi ya mwisho, kisha akabonyeza kitufe chake cha maajabu. Mkurugenzi akatia sahihi huku akiongea kwenye simu. Barua ikaletwa kwa Saliha, kwa kuwa muhuri ulikuwa bado mikononi mwake.

Akaisoma. Madamu Audace atatunza muhuri. Madamu Audace atapokea barua. Na chini kabisa: kazi ya Madamu Audace inakoma tarehe 31 Julai, na nafasi yake inachukuliwa na Audace.

Mkono wake ukaenda wenyewe kwenye kichupa cha dawa nyekundu. Ukaishia hewani. Akainuka, akamwendea Audace, akamuuliza kama ameisoma upya. Audace, bila kuinua macho, akasema barua imetoka kwenye mashine. Saliha akarudi mezani, akaigonga muhuri, ukakaa sawasawa, akaiandika kwenye daftari la barua zinazotoka, akaipeleka ofisi ya watumishi.

Mkuu wa ofisi ile, mzee Zénon, alikuwa na miaka thelathini ya kutii karatasi. Baada ya wiki mbili akamwita Saliha, barua ikiwa mbele yake na miwani kwenye ncha ya pua.

"Humu waliandika Audace anaenda. We ni Audace?"

"Apana. Mi ni Saliha."

"Basi rudia ku kazi, mama."

Kuhusu yule Audace wa pili, anayechukua nafasi ya wa kwanza, mzee Zénon alisema hawezi kumwajiri mtu kwa karatasi ileile iliyomfukuza. Akalipiga jina lake mstari. Tangazo la cheti nalo halikuwahi kumfikia kwa karatasi.

Jumatatu asubuhi Profesa Melchior akaingia sekretariati, akafunga mlango nyuma yake. Hakukaripia. Alisimama mbele ya meza ya Saliha kama mwanafunzi aliyechelewa.

"Miaka yote hii ulikuwa unanirekebishia kozi," akasema kwa sauti ya chini. "Mbona barua hii ukaiacha ipite?"

Kumbe alijua. Aliujua mto, alizijua tarehe, aliijua harufu ya ile dawa kwenye karatasi zake, na kwa miaka kumi na minne hakufumbua mdomo. Na orodha ilipojaa mara nne pia hakuufumbua. Saliha alihisi hasira ikimpanda mpaka masikioni, akaingoja itulie kidogo ndipo aseme.

"Prof, na barua ya kunifukuza mi, ulitaka nikutengenezee?"

Saliha akaivuta taipureta karibu na kuanza kupiga, kwa sababu umeme ulikuwa umekatika tangu alfajiri.