Ukuta Usio na Mavi

Mimi ni mtu wa kochi. Nikimaliza zamu ya kutunza wazee wa watu, nashuka basi hapa Tottenham, navua viatu, na hakuna kinachonitoa tena ndani isipokuwa kanisa au msiba. Siku hiyo nilitolewa na binti yangu, anayesomea sanaa.

"Mum, kwenye jumba la sanaa wameweka kazi kuhusu kwenu," aliniambia. Kwenu. Kana kwamba yeye aliokotwa stesheni.

Kwetu ni magharibi mwa Kenya. Kila Desemba, kabla wageni wa Krismasi hawajafika, wanawake hukandika nyumba upya. Mama yangu alikuwa akichanganya udongo mwekundu na mavi mabichi ya ng'ombe, anapaka ukuta mzima, kisha anaupitishia vidole vinne kabla haujakauka, upinde juu ya upinde, mpaka nyumba inafanana na shamba lililolimwa mteremkoni. Leo magoti yake hayakunjiki.

Basi, ndani ya chumba cheupe kama wodi, nikaukuta ukuta. Umesimamishwa peke yake, mwekundu, na pinde zilezile. Msanii, Mwingereza, alikuwa amekaa kwetu wiki kadhaa akarudi na magunia ya udongo. Karatasi ya maelezo ilisema pinde zile ni alama za mvua na upepo, na kwamba kazi hii inaonyesha ardhi ambayo mkono wa mtu haujaigusa.

Nilisoma mara mbili, nikidhani kosa ni la Kiingereza changu cha kidato cha nne. Halikuwa langu.

"Hesabu hapo," nikamwambia binti yangu. "Tangu lini mvua ikawa na vidole vinne?"

"Mum, sauti."

Chini kabisa kulikuwa na ufa. Sasa, mwanamke wa kwetu akiona ufa, hata kwenye nyumba ya jirani, hapiti hivihivi. Hulowesha kidole gumba kwa mate, akausugua huku akiendelea na salamu. Mkono wangu ulifanya hivyo kabla sijaushauri.

Mlinzi akafika. "Madam, tafadhali usiguse."

"Narekebisha. Umepasuka kwa sababu hamkutia mavi."

Binti yangu akaanza kuchunguza dari.

"Mavi ya nani?" mlinzi akauliza, taratibu, kwa ile sauti ninayotumia mimi kazini na bibi anayetaka kurudi kwa mama yake.

"Ya ng'ombe. Ya msanii hayafai."

Nikamwambia nataka karatasi ile ibadilishwe, iseme hizo ni alama za vidole vya wanawake. Akanipa kadi ya maoni. Mama yangu amemaliza magoti yake ukutani, halafu mimi napewa kadi, na penseli fupi kama kipande cha sigara. Nikaandika kwa Kiswahili, makusudi kabisa, nao wahangaike kama nilivyohangaika na fomu zao miaka yote hii: *Mkono upo. Mavi ndiyo hayapo.*

Binti yangu akaichukua kadi. Nilidhani anaichana. Akaandika chini yake kwa Kiingereza: *Bibi yangu hufanya hivi kwa vidole vyake.* Akakandamiza penseli mpaka ncha ikakatika.

Tukiwa nje kituoni, akanyoosha vidole vyake vinne akavitazama.

"Mnaanza na mkono upi?"

"Hatuanzi na mkono," nikamwambia. "Tunaanza na ng'ombe."