Walatino kwenye duka la fotokopi

Juzi, nikiwa kwenye foleni ya duka la fotokopi karibu na chuo kikuu, mwanafunzi mmoja alikuwa akinakili kitabu kuhusu Walatino wa Amerika, wenye asili ya nchi zilizo kusini mwake. Mama mfanyabiashara aliyekuwa nyuma yake akamuuliza kinasema nini.

“Kinasema, ata mutoto akizaliwa kule, bantu banamuulizaka: kwenu ni wapi?”

Mama akapiga meza kwa kicheko. “Iko habari yangu. Nilizaliwa hapa mu muji, mu komini ya Kenya, mutaa wetu huu. Lakini juu ya jina yangu ya kule Kivu, banaulizaka tu.”

“Pole, mama,” mwanafunzi akasema kwa huruma. “Sasa kwenu kabisa ni wapi?”

Mwanafunzi akajifunika uso kwa kitabu. Mama ndiye aliyeanza kucheka, mpaka kitenge kikamlegea kiunoni, nasi tukamfuata.

Aliomba nakala ya ukurasa ule. Jana niliukuta umebandikwa dukani kwake, juu ya mifuko ya unga. Mteja mmoja aliusoma polepole, akatikisa kichwa.

“Mama, aba Balatino, kwabo ni wapi?”

“Ku Amerika,” mama akajibu, akiendelea kupima unga. “Balizaliwa kule.”