Mfini Aliyekiacha Kimya cha Mama

Siku Mfini alipoingia nyumbani kwetu Okolona, mtaa wa Louisville huku Marekani, alisimama katikati ya sebule, akainamisha kichwa kama mtu anayesikiliza panya darini, kisha akaniomba kwa heshima nizime friji. Nilipoizima, akaweka funguo za gari lake humo ndani, kando ya bakuli la sombe, majani yetu ya muhogo. Alisema ndivyo wanavyofanya katika kazi yao ya kunasa sauti, friji isingurume ndani ya kinasa: bila funguo haondoki, kwa hiyo hawezi kusahau kuwasha friji ya watu.

Mama alimtazama, akanigeukia. "Bon, huyu muzungu iko na akili muzuri kweli?"

Alikuwa nazo, tena tele. Alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu. Tulipokuwa tukila ugali alitusimulia maisha yake, nami nikamfasiria mama. Alianza kwa kupiga kinanda kanisani kwao, Ufini, akachoka nacho, akaanza kutembea na kinasa sauti: barafu ya ziwa ikipasuka, milango ya maghala, nyaya za umeme kwenye upepo. Watu wa filamu wakamsikia, wakamwita. Ametunga muziki wa filamu nyingi na bado hakuna anayemtambua barabarani, jambo alilolisema kwa furaha. Mimi, niliyekuwa nikishinda ghalani nikipanga maboksi, nilimwonea wivu. Kumbe mtu anaweza kula kwa masikio yake!

Alikuwa ametoka Buffalo, kwenye filamu kuhusu kiwanda cha chuma kilichokufa Lackawanna, jirani na Buffalo, na watu wanaoishi karibu nacho sasa. Huko, katika kanisa la dada yangu, alisikia kwaya ya Wakongo, akauliza nani aliwafundisha nyimbo zile. Wakamwambia ni mama yetu, yuko Louisville. Akaendesha gari kutwa nzima kumfuata, amrekodi kwa ajili ya filamu ile.

Nilimshukuru Mungu kwamba alikuja wakati ule. Mama alikuwa na uvimbe kooni, upasuaji ulikuwa umekaribia, na daktari alituambia wazi kwamba sauti huenda isirudi. Tangu kwetu Kivu, Kongo, mama ni mwimbishaji: yeye huanzisha, kwaya huitikia. Nilitaka sauti ile ihifadhiwe kabla kisu hakijaigusa.

Mfini alimkalisha mama chumbani kati ya magodoro ya kuzuia mwangwi, akaniambia nikae mlangoni nisitoe hata pumzi. Mama akaimba mstari wa kwanza, akafunga mdomo. Kichwa kikawa kinacheza taratibu, akingojea. Kiitikio kilipokwisha, kichwani mwake tu, akaimba mstari wa pili, akafunga tena. Nami nilikuwa mlangoni, kiitikio kimenijaa kifuani, nimekatazwa kukitoa. Aliendelea hivyo wimbo mzima, halafu akauliza kwa hasira, "Donc, benye kuitika bako wapi? Siwezi imba miye moja!"

Mfini alidhani mama alikuwa akisahau maneno. Nikamweleza kwamba kwetu mwimbishaji hamalizi wimbo peke yake. Nusu ni ya wengine. Akavaa hedifoni, akasikiliza tena kwa muda mrefu, macho amefumba. Nikamwambia naweza kuita kwaya wajaze zile nafasi. Akakataa. Alisema maisha yake yote ameajiriwa kujaza kimya katika filamu za watu, lakini hiki kina wenyewe.

Baadaye nilisikia kwamba mwongozaji wa filamu alitaka fidla ziwekwe pale mama anaponyamaza, na kwamba Mfini alisema zikiwekwa, jina lake litolewe. Mtu wa maneno machache, lakini kwa hilo hakurudi nyuma. Nampenda kwa hilo hadi leo.

Mama alipasuliwa. Uvimbe ulitoka, na sauti ikatoka nao. Kilichobaki kilikuwa mnong'ono wenye mikwaruzo. Akaacha kwenda kanisani. Nikimsihi, ananyoosha kidole kooni na kugeukia ukutani. Aliyefundisha miji mitatu kuimba alikuwa akikaa ndani Jumapili nzima, televisheni imewashwa.

Filamu ilipoonyeshwa Columbus, nilimpeleka nikiwa na hofu. Niliogopa kwamba kujisikia kutammaliza. Ukumbi ulijaa Wakongo na Warundi wa Whitehall, kitongoji cha pale, akina mama kwa vitenge, wote wamekaa kwa adabu ya ugenini. Kiwanda cha Lackawanna kikatokea chini ya theluji. Sauti ya mama ikaimba mstari wa kwanza, nzima, nzito, ya kabla ya kisu. Kisha kimya.

Hakuna aliyethubutu kuitikia. Mama alinikamata mkono, kucha zikaniingia.

Mstari wa pili. Kimya. Nyuma yetu mwanamke mmoja akaitikia kwa sauti ndogo, kama anayeomba radhi. Katika mstari wa tatu wakawa safu nzima, na wa nne ukumbi wote, wanaume na besi zao. Mfini, safu ya mbele, aligeuka na kutukodolea macho, mikono kichwani.

Mama aliachia mkono wangu. "Muko nachelewa," alinong'ona kwa ghadhabu, ghadhabu ileile ya mazoezi ya Jumamosi, ambayo nilikuwa nimeisahau. Akasimama. Waliokuwa nyuma yake hawakuona tena filamu, na hakujali. Akainua mkono juu, akaungojesha hadi mwisho wa mstari, akaushusha. Tuliitikia sawasawa, nami nikalia bila kujificha.