Matofali Chini ya Kiti cha Kinyozi

Vita vilipomchukua baba, mama alirithi wembe wake naye baba yu hai. Kwa kuwa mama ni mfupi kama sala ya mwenye njaa, alimwita seremala akapunguza miguu ya kiti cha kinyozi. Wateja walicheka: kunyolewa na mwanamke! Walicheka mpaka wakajiona kwenye kioo. Baada ya hapo wakapanga foleni.

Vita vikaisha, baba akarudi. Mikono yote miwili ilikuwepo, ila wa kulia ulikuwa na mambo yake. Chai ilimwagika kabla mdomo haujaionja. Sote tukajifanya vipofu.

"Kiti hiki kimekuwa kifupi," baba akasema. "Nikiinama mgongo unauma, ndiyo maana mkono hautulii."

"Kweli kabisa, Baba Watoto. Kosa ni la kiti," mama akajibu, haraka mno. Akaenda mwenyewe kutafuta matofali, wakakiinua.

Hata mimi, mwenye ulimi wa upupu na nusu ya stashahada, niliufyata.

Wa kwanza kukipanda alikuwa jirani yetu, fundi viatu. Upande mmoja wa ndevu ulikwenda salama. Wembe ulipokaribia sikio la pili ukaanza kucheza, na tone la damu likaangukia shuka aliyofungwa shingoni.

"Si kitu, kaka, si kitu!" Fundi viatu alishateremka. "Nimeacha gundi motoni. Eti… kesho shemeji atakuwepo?"

Baba akainama kufagia nywele ambazo hazikuwepo. Nyuma ya pazia, mama alijiziba uso kwa aproni, utadhani yeye ndiye aliyekata.

Siku zilizofuata duka lilikuwa wazi na kiti kitupu. Mama hakifikii, baba hathubutu, na hakuna aliyemtazama mwenzake. Wateja wakaanza kufuga ndevu.

Asubuhi moja fundi viatu akachungulia, uso bado nusu kwa nusu. Baba akamwona. Akapiga magoti, akatoa matofali, akayapanga ukutani. Kisha akaketi yeye.

"Mama Watoto, ninyoe."

"Mimi?"

"Kwani humu kuna kinyozi mwingine?"

Fundi viatu akaanza kuchunguza viatu vyake mwenyewe. Mama akashika wembe, na safari hii mkono uliotetemeka ulikuwa wake.

"Nyoa tu," baba akasema, macho kayafumba. "Ukinikata, tutasema ni kiti."