Uwanja Uliomlaza Nyemo

Vumbi la Dodoma halina shukrani. Unalifagia asubuhi, adhuhuri limerudi kama mgeni aliyesahau fimbo yake. Elieth Ndahani analijua hilo, lakini anainama tu, mkono mmoja mgongoni, mwingine umeshika ufagio wa vijiti, anafagia uwanja wa ofisi moja mpya mashariki mwa jiji, kwenye njia ya Chamwino.

Akifika kona ya nyuma, penye tangi la maji, anaweka ufagio chini na kuvua kandambili. Hapo hatumii ufagio. Anaokota majani kwa mkono, moja moja, kama mtu anayechambua mchele.

"Mtani, hiyo kona umeolewa nayo?" anauliza Fabian, mtunza bustani, Mhehe aliyetoka Kibakwe, huku akivuta mpira wa maji.

"Nyamaza, mla mbwa wewe. Mwagilia maua yako."

"Haya. Ila Mgogo akiinama muda mrefu, wapita njia wataanza kumtupia sarafu."

Elieth anacheka. Wagogo na Wahehe ni watani tangu mababu, na matusi yao hayachomi. Lakini leo kicheko kinakatikia njiani. Kando ya tangi mafundi wamechomeka vigingi na kufunga kamba. Patachimbwa msingi wa banda la magari, na chini ya udongo huo, Elieth anaamini, amelala mwanawe.

Elieth ana miaka arobaini na sita. Kabla ya kuta na lami, hapa palikuwa kwao. Aliletwa hapa akiwa bibi harusi wa Bartolomayo, mtoto pekee wa mama mjane aitwaye Damari. Nyumba yao ilikuwa tembe ya udongo, zizi la mbuzi mbele, shamba la uwele nyuma. Mwaka wa pili wa ndoa alijifungua msichana, naye moyoni akamwita Nyemo.

"Aliishi wiki sita," anasema. "Asubuhi alinyonya vizuri tu. Jioni akakataa ziwa. Mama hahitaji kuambiwa, nikajua."

Katika ukoo wa mumewe, mtoto aliyekufa kabla ya kuota meno hakuzikwa na wanaume. Bibi yake alimfunga kwenye kanga, akamlaza nyuma ya nyumba, pale maji ya kuogea yanapomwagwa, ili apate ubaridi. Hapakuwa na tuta, msalaba wala matanga. Mama wa mtoto hakuoneshwa mahali penyewe, na hakuruhusiwa kulia kwa sauti. Waliamini kwamba akilia, tumbo litaogopa kushika tena.

"Nilifungiwa ndani, nikauma kanga," anasema Elieth. "Nilisikia jembe. Jembe la mama mkwe wangu naujua mlio wake."

Alinyamaza kama alivyoagizwa, na tumbo halikushika tena. Miaka ikapita, Bartolomayo naye akaugua akafa. Elieth hakurudi kwao. Alibaki na Damari, wajane wawili, wakilima na kula mlenda kwenye bakuli moja. Wenzake wa rika wakaitwa mama fulani na mama fulani. Yeye alibaki Elieth, na kwa wadogo, shangazi.

Kisha jiji likawafikia. Eneo likapimwa, watu wakaambiwa wahame. Wakaja vijana wenye makopo ya rangi nyekundu kuhesabu makaburi, ili nayo yahamishwe kwa heshima.

"Bibi, hapa mna makaburi mangapi?" walimuuliza Damari.

"Manne," akajibu.

Elieth alikuwa nyuma yake, ameshika jagi. Akafungua mdomo. Damari, bila hata kugeuka, akasema, "Elieth, wageni hawajapewa maji."

"Nikawapa maji," anasema sasa, akitazama viganja vyake. "Mkwe hamsahihishi mama mkwe mbele ya wageni. Ndivyo nilivyofundwa. Ningemwaga tu lile jagi, wangeniuliza kuna nini. Sikumwaga. Nilijaza vikombe mpaka ukingoni."

Mawe ya makaburi manne yakapakwa rangi. Siku ya kuhama alikuja mchungaji, nyimbo zikaimbwa, mifupa ya Bartolomayo ikavikwa sanda mpya na kupelekwa kwenye makaburi mapya ya ukoo. Elieth alitembea nyuma ya jeneza la mumewe huku akigeuka kutazama tembe.

"Baba yake alihama na kwaya," anasema. "Mtoto tulimwacha kama sufuria lililotoboka."

Ofisi ilipokamilika na wafagizi wakatafutwa, Elieth alikuwa wa kwanza getini. Mshahara ni shilingi laki moja na nusu kwa mwezi, na kutoka anapoishi sasa hadi hapa ni mwendo wa saa nzima kwa miguu. Jirani zake walimshangaa, maana sokoni angeuza karanga akapata zaidi. Hakuwaambia kitu. Alichagua kona ya tangi kwa kukisia, kwa sababu moyo ulimwambia ni hapo, na kila siku ya kazi ameiokotea majani.

Siku hiyo ya vigingi, alikwenda kwa msimamizi wao, Respicius, kijana wa Kagera mwenye haraka lakini asiye na roho mbaya.

"Dada Elieth, hilo kaburi liko wapi? Nioneshe."

"Siwezi kulionesha. Ila lipo."

"Sasa juu nikaseme nini? Yalihesabiwa manne, yakahamishwa manne. Na mama yenu mwenyewe ndiye aliyesema."

"Ndiyo, ndiye aliyesema."

Respicius alikuna kichwa, akaenda, akarudi. Alikuwa ameomba uchimbaji usubiri hadi Jumatatu. Aliyemzika mtoto aje aoneshe. Akionesha, watafukua kwa utaratibu. Asipoonesha, kazi inaendelea.

Habari ikafika kwenye chai kabla ya Elieth. Mwanamke mmoja, asiye mtani wake, akasema kwa sauti, "Anatafuta fidia huyo. Wagogo kwa kuomba, hawajambo!"

Watu wakainamia vikombe. Elieth akamjibu polepole. "Sitaki hata senti. Mkinipa hela, nitajuaje kama namlilia mtoto au nazililia hela?"

Jioni ile alisonga ugali, akamnawisha Damari mikono. Mama huyo amepita miaka themanini na macho yake yana ukungu. Tangu aolewe, Elieth hakuwahi kumuuliza neno zito. Safari hii alisubiri tonge la kwanza limezwe.

"Mama, siku ile ulisema manne."

"Yalikuwa manne."

"Na Nyemo?"

Damari aliacha kula. "Ulimpa jina?"

"Nilimpa."

"Hukuniambia."

"Hukuniuliza, mama."

Damari alipangusa vidole kwenye kanga yake. Kisha kikongwe akasema, "Mwanangu, nilihesabu makaburi. Yule hakuwa kaburi. Yule nilimrudisha tu, kama nami nilivyofundishwa na mama mkwe wangu. Wa kwangu wako wawili pale pale nyuma ya nyumba, kabla ya Bartolomayo. Aliyeniuliza ni nani?"

Elieth hakuwa akijua hilo. Miaka yote hiyo walikuwa wakimwaga maji pamoja nyuma ya tembe, kila mmoja kwa wake, bila mmoja kumwambia mwenzie.

Jumamosi Damari aliletwa. Respicius alimpa shikamoo na kiti. Alikataa kiti. Akasimama getini na fimbo yake, akanusa upepo, akauliza, "Mlango uko wapi?"

"Mlango upi, bibi?"

"Mlango wa nyumba yangu. Nipelekeni mlangoni, nikitoka nazunguka mkono wa kulia, nafika."

Mlango haukuwapo tena. Tembe ilisukumwa na greda, na mwinuko uliokuwa chini yake ukasawazishwa. Damari alivua viatu, akaanza kupapasa ardhi kwa nyayo. Alipita tangi la Elieth bila kusimama. Akasimama karibu na mlingoti wa bendera, akatikisa kichwa, akarudi, akageuka. Mwishoni akakaa chini katikati ya uwanja, miguu ameinyoosha.

"Bila mlango siwezi," alisema. "Wamenihamishia mlango."

Ndipo kikongwe yule akalia. Alilia kwa sauti, kilio cha msiba, kile kilichokatazwa. Elieth akapiga magoti kando yake, na sauti aliyoiuma kwenye kanga akiwa msichana ikatoka yote. Mlinzi akazima redio. Wafanyakazi wakasimama, hawajui pa kuweka mikono.

Fabian alitupa mpira wa maji, akaenda akajilaza chali ndani ya kamba za mafundi. "Msiba gani huu hauna mtani?" akapiga kelele. "Wagogo mnataka kuzika kimyakimya ili mle nyama peke yenu! Sitoki hapa. Leteni jogoo!"

"Utapewa mkia wa mbwa," Damari akamjibu katikati ya machozi. Watu wakacheka na kulia kwa pamoja, na hapo kila mmoja akaelewa kwamba msiba umekuwepo. Kwa desturi za kwao, mtani hachezi pasipo na marehemu.

Hata hivyo Jumatatu ilifika na uchimbaji ukaanza. Hapakuonekana kitu ila mchanga mwekundu na kigae cha chungu. Elieth alikichukua kigae, ingawa kinaweza kuwa cha mtu yeyote.

Sasa anafagia kwa namna nyingine. Vumbi la kila pembe ya uwanja halitupi, analimimina kwenye mfuko wa sandarusi ulioegemezwa ukutani. Anataka kulizika kando ya Bartolomayo, matuta matatu madogo, la Nyemo na mawili ya Damari. Mzee Yoramu, mkubwa wa ukoo, bado hajakubali. "Tangu lini vumbi likazikwa?" alimuuliza. Damari amesema atakwenda kwake mwenyewe, na safari hii hatasema manne.

Elieth ana ombi jingine, kwa wale vijana wa rangi nyekundu, popote watakapokwenda. "Wasiulize makaburi tu. Wamuite na mama wa nyumba pembeni, wamuulize amezaa wangapi. Halafu wasubiri. Jibu hilo halitoki upesi."

Jua limepanda. Mfuko umefika nusu, upepo umeanza, na upande wa geti vumbi limerudi tena. Fabian anamwona, anakunja mpira wake begani na kuita kutoka kwenye maua.

"Mama Nyemo!"

Hakuna mtu aliyewahi kumwita hivyo. Elieth anageuka, na hahitaji kuitwa mara ya pili.