Padri na Mvinyo wa Bwana Rufino

Hadi leo nikipita karibu na ule ukumbi wa Mji wa Kale huvuka upande wa pili wa njia, na kwa kuwa kisa chenyewe mmeshakisikia kwa watu walioongeza chumvi (haikuhitajika), acheni mwenye aibu yake awasimulie.

Bwana Rufino, mtengenezaji filamu kutoka Meksiko, alikuja kuzungumza na vijana wetu, na mwenyeji wake alikuwa Ami Swaleh, babake Maryam, na huyo Maryam ndiye niliyempelekea posa wiki mbili kabla na jibu nilikuwa bado nalingoja. Mkalimani akapiga simu kusema ni mgonjwa. Ami akatutazama mmoja mmoja, akauliza, "Nani hapa ajua Kihispania?"

"Mimi, ami. Kidogo."

(Nilikuwa nimetazama tamthilia zao miaka mingi. Zimetafsiriwa, lakini midomo nimeiona.)

Mwanzo mambo yalikwenda sawa kwa sababu mgeni alikuwa na picha ukutani: ikija ya bibi harusi nasema alianza kwa kupiga video za harusi, ikija ya wanamieleka waliovaa barakoa nasema akaingia filamu za mieleka, ikija ya sabuni nasema matangazo, na alipotokea maiti anayetembea nikasema, "Na hizi ni za kutisha." Watu wakapiga makofi. Ami Swaleh akanitazama kwa jicho la mkwe, nami kichwa kikavimba.

Kisha ikaja picha ya mzee ameketi peke yake. Bwana Rufino akasema mengi kwa sauti ya chini, nami nikadaka matatu tu: "Mi padre vino." Nikafurahi kweli, kwa sababu maneno padri na mvinyo tuliachiwa na Wareno, na Kireno na Kihispania si ndugu? Na mtu aliyefanya kazi zote zile, upadri utamshindaje? Nikatangaza, "Asema aliwahi pia kuwa padri, lakini akaharibiwa na mvinyo."

Ukumbi ukaangua kicheko, wengine wakivuta "Astaghfirullah". Yeye akarudia polepole, akipangusa macho: "Mi padre vino."

Nikaongeza, "Mvinyo mwingi."

Hapo akainuka Mzee Bakari, baharia mstaafu aliyezunguka bandari za huko Meksiko ujana wake wote. "Sivyo, kijana. Asema babake alikuja. Miaka kumi na mmoja hawakusemezana kwa ajili ya hizo filamu, na hii ya mwisho mzee akaja kuitazama, akaketi mbele kabisa. Mwezi ule ule akafa."

Kicheko kikakatika. Bwana Rufino, ambaye hakujua tulichokuwa tukicheka, alikuwa bado anatutabasamia kwa adabu huku machozi yanamtoka, na hilo ndilo linaloniuma mpaka sasa kuliko yote. Nikamwendea, nikamshika mkono, nikamwambia pole, kwa Kiswahili, kwa sababu ndiyo lugha niliyokuwa nayo.

Ami Swaleh alinisubiri mlangoni. Hakupaza sauti.

"Kutojua lugha si aibu, mwanangu. Lakini mtu yuwalia mbele yako, nawe wamtilia mvinyo?"

Nimeapa. Siku hizi nikiulizwa lolote, hata njia ya kwenda Bondeni nilikozaliwa, huanza na "sijui". Jibu la posa lilikuja Ijumaa ile ile, "Hapana," kwa Kiswahili kilichonyooka, na halikuhitaji mkalimani.